Pampu ya Kiragu na Harusi Iliyochemkia Toi

Makina, Kibera
Jumatatu, 17 Oktoba 1994

Kwa Mwenyekiti,
Chama cha Wauza Spea na Mafundi wa Magari,
Kawangware 56.

Ndugu Mwenyekiti,

YAH: PAMPU YA MAJI YA PEUGEOT 404, NA KURUDIWA KWA HARUSI YA BINTI YANGU

Pokea salamu, ambazo nakupa kwa sababu ya malezi niliyopewa, si kwa sababu chama chako kimezistahili. Naomba dakika zako chache. Najua unazo. Wiki iliyopita nilifika Kawangware 56 mara tatu kukutafuta, mara zote tatu nikaambiwa Mwenyekiti yuko mkutanoni, na mara zote tatu nikakuona kwa macho yangu umefungwa shuka shingoni kwa kinyozi. Nimeamua kuandika, kwa kuwa barua haiwezi kuambiwa ingoje nje.

Mimi ni Fadlalla Marjan, mzaliwa wa Makina. Nimekuwa karani wa stoo Industrial Area kwa miaka ishirini na sita. Katika miaka hiyo yote hakuna mtu aliyeniomba boliti ya nusu inchi nikampa ya robo tatu, nikamwambia itajipanga yenyewe mbele ya safari. Nakueleza hili ili ujue kwamba anayekuandikia si mtu wa kubahatisha.

Nina gari, Peugeot 404 la mwaka 1967, rangi ya maziwa, alilonunua marehemu baba yangu kwa daktari mmoja aliyekuwa akihama nchi. Tangu siku hiyo hakuna bibi harusi wa nyumba yetu aliyepanda gari lingine. Dada zangu wanne walitoka nalo. Mke wangu Mabruka aliletwa nalo. Watu wengine hurithi mashamba. Sisi tulirithi kiti cha nyuma.

Binti yangu Hadia, ambaye ndiye binti pekee niliye naye, alikuwa aolewe Jumamosi tarehe nane mwezi huu na kijana Ramzy wa Sarang'ombe. Najua utasema kutoka Makina hadi Sarang'ombe mtu hahitaji gari, ni mwendo wa kumaliza muwa mmoja. Ni kweli. Lakini gari la bibi harusi halikuwekwa ili lifike, liliwekwa ili lionekane. Hutoka Makina, hupanda hadi soko la Toi, huchungulia Ngong Road ili hata wenye magorofa wajue tunaozesha, kisha hugeuka na kuteremka polepole hadi kwa mume.

Katikati ya Septemba pampu ya maji ilianza kuvuja. Fundi wangu Ogola, ambaye karakana yake ni kipande cha ardhi nyuma ya soko la Toi, aliifungua akasema imekufa, nitafute nyingine, lakini iwe ya mwaka uleule. Nikatoa namba ya pampu kwenye kitabu cha gari, nikaiandika kwenye karatasi safi kwa wino mweusi, nikaenda nayo Kirinyaga Road duka baada ya duka. Mmoja alinishauri gari nilipeleke Museum. Mwingine alinipa pole, kama kwamba nimefiwa. Wa mwisho akaniambia niende kwa mwanachama wako Kiragu, Kawangware, kwamba Kiragu hakosi kitu.

Hapo ndipo malalamiko yangu yanapoanza. Nayapanga kwa namba, nikijua kwamba namba kwenu ni kitu kigeni.

1. Nalalamika kuhusu karatasi yangu. Nilimkuta Kiragu ameketi juu ya injini ya lori, chini ya kibao kilichoandikwa Kiragu Genuine Spares. Nikampa ile karatasi. Akaisoma kwa muda mrefu kama barua ya mchumba, kisha akaipindua aone kama upande wa pili kuna kitu cha maana. Akanifahamisha kwamba namba huandikwa na watu wasiojua magari, na kwamba yeye hupima kwa mkono. Akanyoosha kiganja, akaniuliza pampu yangu ni shubiri ngapi. Ndugu Mwenyekiti, mimi niliyehesabu nati za stoo nzima kila Desemba hadi ya mwisho, nilisimama Kawangware mchana kweupe nikakadiria pampu ya Peugeot kwa shubiri. Nikasema moja na vidole viwili. Akasema hiyo anayo. Karatasi yangu sikurudishiwa. Nilipoiona tena ilikuwa imefungia njugu.

2. Nalalamika kuhusu pampu ya kwanza, iliyotolewa katika gunia la sukari ilimokuwa ikiishi pamoja na bomba la jikoni, mkono wa waipa na kiatu kimoja cha mtoto. Ilikuwa ya pikapu ya Kijapani. Ogola aliipokea, akaigeuza mara moja, akanirudishia kama mtu anavyomrudishia jirani kuku aliyepotea. Nilipomrejeshea Kiragu hakuona haya hata kidogo. Aliuliza kama fundi wangu alijaribu kuigonga na nyundo.

3. Pampu ya pili ilikuwa imepakwa rangi ya fedha, na rangi yenyewe mbichi. Shati langu ni shahidi. Ogola aliikwangua kwa bisibisi, chini ya rangi akakuta unga wa mahindi uliokauka, akacheka hadi akakaa chini. Ilitoka kwenye injini ya kinu cha kusaga. Nikarudi Kawangware nikiwa nimejiandaa kwa maneno makali. Kiragu alinisikiliza hadi mwisho, akafuta mikono, akasema:

“Mzee, maji ni maji. Hayajui kama yako kwa gari ama yako kwa posho mill.”

Nilirudi nyumbani nikiitafuta kasoro ya sentensi hiyo. Sijaipata hadi leo, na hilo nalo naliongeza kwenye makosa yake.

4. Pampu ya tatu ndiyo iliyoniua. Ilikuwa Jumatano, siku tatu kabla ya harusi. Safari hii Kiragu hakutaja shubiri. Aliigeuza tu polepole hadi jua likaangukia herufi zilizochongwa kwenye chuma, nami nikasoma kwa macho yangu, Peugeot. Nakiri kwamba niliona aibu kwa yote niliyomwazia. Nilimshika mkono. Nadhani nilimwita ndugu.

Ogola akaifunga, boliti zote zikaingia, nami nikaanza kumwimbia Mungu. Kisha nikaona ameshusha spana. Akaniita, akanionyesha puli, kile kigurudumu kinachovutwa na mkanda ili kuizungusha pampu. Ilikuwa kubwa kuliko ya zamani. Alinieleza kwamba pampu ni ya Peugeot kweli, ila ya mwaka mwingine. Kwa puli hiyo itazunguka polepole, na gari likienda mwendo wa harusi, huku na huku wanawake wanaimba, maji yatachemka.

“Mzee Fadlalla, hii itakutoa nyumbani,” akasema. “Kukufikisha, sijui.”

Akanishauri niazime Datsun ya binamu yake. Maneno niliyomjibu hayafai kuandikwa katika barua ya kiofisi.

Kwa hiyo, ili rekodi ziwe sawa: Ogola alijua pampu ile si sahihi. Mabruka alijua, kwa kunitazama tu nilivyokula usiku ule. Na nikiulizwa mbele ya kamati, hata mimi nilijua. Lakini hilo halimpunguzii Kiragu kosa. Linamwongezea, kwa sababu kati yetu wote yeye peke yake ndiye aliyekuwa akilipwa ajue.

5. Jumamosi gari lilioshwa tangu alfajiri na kufungwa utepe. Hadia alikaa nyuma amevaa gurbaba ya bibi yake, ile nguo yetu ya kujifunga ya Kinubi yenye nakshi, na mamake ubavuni. Shangazi zake walizunguka gari kwa miguu wakipiga doluka, ngoma yetu ya harusi. Tulitoka Makina vizuri, mimi kwenye usukani. Watu walisimama. Nilimwona Ogola kati ya waalikwa, amevaa suti, anatembea karibu na boneti akitega sikio kama daktari.

Kabla hatujafika Toi mshale wa joto ulianza kupanda. Niliuona, nikanyamaza. Mabruka aliniona nikiuona, naye akanyamaza, na katika miaka ishirini na mitatu ya ndoa yetu huo ndio ukimya wake wa kwanza. Pale wauza mitumba walipotandaza vitu vyao hadi barabarani tulilazimika kutambaa. Moshi mweupe ukatoka, kioo cha mbele kikafunikwa, injini ikakohoa, gari likasimama mbele ya kibanda cha mama mmoja anayeitwa Nereah, muuza mapazia. Ngong Road ilikuwa mbele yangu, karibu kiasi cha kuitemea mate, na sikuweza kuiona.

Nikashuka, nikafungua boneti, nikawaambia wanawake wanipe dakika tano. Ogola alivua koti. Alinitazama. Hakuniambia kwamba alinionya, na hilo pia nalilalamikia, maana wakati ule ugomvi ungenisaidia.

Dakika tano zikawa nusu saa. Doluka ikanyamaza. Soko zima likaanza kutupa ushauri, kila mtu na wake, hata muuza soksi. Kisha mlango wa nyuma ukafunguliwa, na mguu wa binti yangu ukatoka.

“Baba, mimi naenda,” Hadia akasema.

Nilimwambia kwamba bibi harusi wa nyumba hii haendi kwa miguu.

“Basi nitakuwa wa kwanza.”

Palikuwa na dimbwi pale ambapo angekanyaga. Huyo Nereah, ambaye hakualikwa na mtu, alivuta pazia jeupe kutoka kwenye kamba yake, jipya kabisa kwa viwango vya mitumba, akalitupa juu ya matope. Mwingine akaleta viatu vya chini, akapiga magoti akampima mguuni, vikamkaa. Nakuomba ulitambue hilo, Ndugu Mwenyekiti: muuza viatu vya mitumba, bila kitabu, bila shubiri, alipata saizi sahihi kwa mara ya kwanza.

Doluka ikaanza tena. Wanawake wa Toi waliacha vibanda vyao. Waliokuwa wakijua nyimbo zetu waliimba, wasiojua walipiga vigelegele vya kwao, vya ziwani na vya milimani, na msafara wote ukageuka ukarudi kuelekea Sarang'ombe. Sijapata kuona watu wengi namna ile wakimfuata mtu asiyegombea kiti.

6. Sikuwepo.

Hili ni fupi. Mtu hawezi kuliacha gari la baba yake limefunguliwa boneti sokoni. Nilibaki. Nilisikia ngoma ikiteremka, ikawa ndogo, ikapotea nyuma ya mabati. Wanasema Hadia alipofika mlangoni kwa kina Ramzy alisimama, akageuka, akauliza baba yuko wapi. Wakangoja kidogo. Kisha wakaingia. Wakati huo mimi nilikuwa Toi nimeshika kifuniko cha radieta kwa soksi yangu ya kulia, maana kilikuwa cha moto.

Dada zangu wanne, baba aliwashusha kwa mkono wake mwenyewe, mmoja baada ya mwingine. Mimi nilikuwa na binti mmoja na mlango mmoja wa kumfungulia.

7. Nilidhani mambo yataishia hapo. Badala yake, tangu siku ile, sipumui kwa sifa. Wazee wananishika mikono msikitini wakisema harusi kama ile haijatokea Makina. Mama anayeniuzia maziwa amesimuliwa na mama mwingine ambaye hakuwepo. Mtu mzima mwenye akili zake ameniuliza kama nililipanga lile jambo la pazia. Hata Mabruka, ambaye hajawahi kusifu sufuria bila kutaja kwanza mahali ilipobonyea, amesema hajaona bibi harusi aliyesindikizwa vizuri vile. Naye Kiragu, baada ya habari kumfikia huko Kawangware, alimtumia Ogola ujumbe kwamba anafurahi pampu imefanya kazi.

Imefanya kazi! Ndiyo maneno yake.

Sasa nakuja kwenye haki zangu. Sheria ya biashara iko wazi hata kwa watu wanaohifadhi spea katika gunia la sukari: kitu kisicho sahihi hurudishwa, na mnunuzi hupewa kilicho sahihi. Pampu ilifungwa kwenye gari. Gari lilifungwa kwenye harusi. Kwa hiyo harusi yenyewe ilifungwa kitu kisicho sahihi, na ni lazima irudishwe. Naomba basi chama kiamue yafuatayo.

Kwanza, Kiragu afute neno Genuine kwenye kibao chake. Jina Kiragu anaweza kuliacha, kwa kuwa sina ushahidi kwamba nalo ni la bandia.

Pili, chama kipige marufuku kupima kwa mkono. Ikiwa wanachama hawawezi kuishi bila shubiri, basi pachaguliwe mkono mmoja wa mtu mwaminifu, akipatikana, uwe ndio wa Kawangware nzima, na mwenyewe asiruhusiwe kusafiri.

Tatu, harusi irudiwe. Hadia arudishwe kwangu na Ramzy arudishwe kwa mama yake kwa siku moja tu, wageni wavae walivyovaa, na gari litoke Makina likiwa na pampu ya mwaka wake, huku wanachama wako wakitembea nyuma tayari kusukuma. Nitamshusha binti yangu mlangoni mwenyewe. Nimekwisha kuwaarifu wahusika. Ramzy alicheka. Hadia alisema ana mboga jikoni.

Nne, ikiwa maharusi wataendelea na ukaidi huo, Kiragu mwenyewe avalishwe nguo nyeupe, aketishwe kiti cha nyuma, apelekwe hadi Toi kwa mwendo wa harusi, na akae humo gari linapochemka, ili soko limwone.

Nakupa siku kumi na nne. Zikipita kimya nitapeleka nakala kwa D.O. wa tarafa, na ninakuonya kwamba mwandiko wangu ni mzuri na kwamba karatasi ninazo nyingi.

Nifikishie salamu kwa katibu wako, kwa mweka hazina, kwa mafundi wote wa 56 wenye nyundo na wasio nazo, na kwa mke wa Kiragu, ambaye sina ugomvi naye na ninamwombea subira.

Ni mimi, mwenye gari na mwenye kudai,

Fadlalla Marjan

Tanbihi. Barua hii ilikuwa tayari kwenye bahasha asubuhi hii nilipobishiwa hodi na Nduku, mama anayeuza maharagwe Toi, akiwa na binti yake Syombua, atakayeolewa kanisani mwezi Desemba. Walikuja kuomba gari. Niliwaambia ukweli, kama mtu wa stoo, kwamba gari ni bovu, na kwamba hata lilipotembea lilikuwa na pampu ya mwaka mwingine. Nduku akaniambia nisilitengeneze. Wanachotaka ni lizimike palepale mbele ya kibanda cha Nereah, kwa sababu Syombua anataka kwenda na soko lote nyuma yake, na bibi harusi hawezi kushuka kwenye gari zima na kuanza kutembea, watu watasema amerogwa. Nilipoendelea kusitasita walinieleza kwamba kuna familia nyingine mbili zinangoja nyuma yao, moja ya huko Woodley kwa wenye nafasi.

Nimewakubalia. Nimetoa sharti moja tu, kwamba boneti itaachiwa Ogola na mimi nitatembea na watu hadi mlangoni.

Kwa hiyo malalamiko yaliyo hapo juu usiyasome mbele ya wanachama. Kuna tatizo dogo: Ogola aliing'oa ile pampu wiki iliyopita akaiuza kama chuma chakavu. Tafadhali mwombe Bwana Kiragu anitafutie nyingine, ya mwaka uleule usio wetu, yenye puli kubwa vilevile, kabla ya Desemba. Apime kwa mkono. Na asithubutu kuniletea iliyo sahihi.